Gemu la Onesmo Limekwama

Jana alasiri, baada ya kula ugali na mboga ya maboga peke yake mezani, Mzee Fortunatus Kihwelo wa Kihesa, Iringa, alisinzia kwenye kochi mbele ya runinga, akaota mashine ya gemu ya mwanawe inamwita kwa jina kama mtu anavyoitwa kwenye dirisha la ofisi.

Alikuwa amehangaika nayo tangu saa nne asubuhi. Mashine hiyo ni ya Onesmo, kitinda mimba wake, aliyeondoka nyumbani miaka minne iliyopita akaenda Mtwara. Tangu siku hiyo baba na mwana hawajazungumza. Habari za Onesmo mzee huzipata kwa Sekunda, binti yake mkubwa, mwalimu wa shule ya msingi Njombe, na wazo la gemu lilikuwa la Sekunda pia.

“Baba, kila Jumamosi mchana Onesmo anacheza lile gemu la mpira kwenye mtandao,” alikuwa amemwambia kwa simu. “Ile mashine aliyoiacha bado ina jina lake. Ukiiwasha ukaingia, atakuona.”

“Ataniona vipi na yeye yuko Mtwara?”

“Ataona kwamba kuna mtu ameingia kutoka nyumbani. Hatakuwa mwingine zaidi yako. Ila imekaa muda mrefu, baba. Lazima kwanza uiapdeti.”

Mzee alidhani kuapdeti ni kupangusa, kwa hiyo akaanza kwa kuipangusa vumbi kwa kitambaa chenye maji kidogo. Baadaye akafuata maelekezo ya Sekunda aliyoyaandika kwenye daftari, mstari kwa mstari. Aliwasha mtandao wa simu, akaiweka simu karibu na mashine. Akabonyeza pale alipoambiwa abonyeze. Ukatokea ufito mwembamba wa buluu, ukatambaa taratibu mpaka asilimia tisini na tisa, ukasimama. Yakaja maneno: Sasisho limeshindikana. Jaribu tena.

Alijaribu mara tano. Kwa miaka thelathini na moja Mzee Kihwelo alikuwa mkaguzi wa mizani wa serikali, mtu wa kuingia sokoni na sanduku lake la mawe ya kupimia, na hakuwahi kuupiga muhuri mzani uliopungua hata uzito wa kijiko. Ile asilimia moja ilimkera kama ametukanwa. Akabonyeza mara ya sita, akakaa kuilinda, usingizi ukamchukua.

“Kihwelo Fortunatus,” mashine inaita.

“Nipo.”

Mashine inamsalimia kwa Kihehe.

“Kamwene.”

“Kamwene.”

“Sogea dirishani.”

Runinga imekuwa dirisha lenye nondo. Nyuma ya nondo mashine imekaa juu ya kiti, imevaa miwani, na mbele yake kuna rundo la fomu. Mzee anatafuta kitambulisho chake cha kustaafu mfukoni, anapata kitambaa cha kupangusia vumbi. Anakipitisha chini ya nondo. Mashine inakikagua pande zote mbili, inakirudisha.

“Shida yako?”

“Gemu halisasishiki.”

“Umezima ukawasha?”

“Mara tano.”

“Umezima nini?”

“Wewe.”

“Mimi nilizimwa nikawashwa, na sina malalamiko. Nakuuliza wewe ulizimwa lini.”

Mzee anafikiri. “Sijawahi.”

“Ndiyo maana una joto. Geuka.”

Anageuka. Kitu baridi kinambonyeza nyuma ya sikio, na kwa sekunde kumi Mzee Kihwelo hayupo. Alipowashwa tena alikuwa na kiu, na shida ilikuwa palepale.

“Sasa imebaki tarehe,” mashine ilisema, ikamwonesha kalenda ndogo. “Tarehe yangu hailingani na ya dunia. Kwangu leo ni Jumapili, tarehe kumi na nne Juni, mwaka ule uliponichomoa ukutani. Siwezi kupokea kitu kilichotengenezwa baada ya leo.”

“Basi badilisha tarehe.”

“Sina mikono. Aliyeisimamisha ndiye anayeisogeza. Mlango wa pili.”

Mlango wa pili ulifunguka kwenye sebule yake mwenyewe, sebule ya miaka minne iliyopita, kabla mapazia hayajabadilishwa. Onesmo amekaa kwenye mkeka, miguu ameikunja, pedi ya kuchezea iko mikononi. Ana miaka ishirini, na shingo yake ni nyembamba kuliko mzee alivyoikumbuka. Kwenye skrini ni dakika ya themanini na nane ya fainali. Miezi minane Onesmo alikuwa ameicheza ligi hiyo kila akitoka kutafuta kazi.

Kando ya ukuta amesimama Fortunatus Kihwelo mwingine, mwenye shati lake la zamani la kazini, mkono uko kwenye plagi.

“Baba, dakika mbili tu,” Onesmo anasema bila kugeuka.

Mzee anataka kuuzuia ule mkono. Anaushika kwa mikono yake miwili, anaugandamiza ukutani. Lakini ule mkono ni wake, haujui kwamba umeshikwa. Plagi inatoka. Skrini inazimika na kubaki nyeusi, na Onesmo anaonekana humo kama kwenye kioo, akiwa bado ameshika pedi.

Fortunatus mwenye shati la kazini anasema, “Nimepima mizani ya mkoa huu mzima. Sijawahi kuona kitu chepesi kama wewe.”

Onesmo anaiweka pedi chini. Anaukunja waya vizuri, mzunguko juu ya mzunguko, anaufunga kwa mpira wa kufungia noti, anauweka mezani.

Sasa ukutani kuna kalenda ya kuchana, ile ya jani moja kwa siku moja. Inaonesha tarehe kumi na nne. Mzee alielewa kwamba hii ndiyo inayotakiwa kusogezwa, akachana jani.

Jumatatu ikaja. Onesmo alikaa barazani tangu asubuhi mpaka chai ya saa kumi, kiti chake kimeelekea mlango wa sebule. Mzee alijiona ndani akisoma gazeti. Alijiona akilimaliza, akaanza tena ukurasa wa kwanza.

Akachana Jumanne. Vilevile.

Akachana Jumatano. Onesmo alitoka chumbani na begi, akasimama ukumbini. Mzee hakujiona popote, kisha akasikia maji yanamwagika bafuni, akakumbuka. Alikuwa anaoga. Alisikia geti likifunguliwa, alisikia likifungwa, na aliendelea kujimwagia maji mpaka ndoo ikaisha, akafungua bomba akajaza nyingine. Baadaye alimwambia Sekunda kwamba mdogo wake aliondoka bila kuaga.

Aliendelea kuchana. Majani mengi hayakuwa na kitu, ni mzee tu na sahani moja. Lakini kwenye jani la tarehe tatu Septemba simu ililia mezani. Namba ilikuwa ngeni, na mzee aliitambua kama anavyoitambua leo: namba ya mtu aliyetoka kununua laini mpya mahali pa mbali. Alijiona amesimama juu ya simu ile, mikono nyuma, anaitazama inavyotetemeka na kusogea kwenye kitambaa cha meza. Iliita mpaka ikachoka. Haikuita tena.

Habari hiyo hakumwambia mtu yeyote, hata Sekunda.

“Pokea,” mzee alimwambia yule mwenzake. Mwenzake hakusikia. Mzee akanyoosha mkono mwenyewe, na simu ikawa jani la kalenda, likachanika.

Alichana siku elfu moja mia nne na kitu. Kidole gumba kilichubuka. Majani yalimfika magotini, ikabidi avute miguu kama mtu anayevuka mto ili arudi dirishani.

“Tarehe imekubali,” mashine ilisema. “Sasa nafasi haitoshi.”

“Nafasi ya nini?”

“Ya gemu. Kuna faili moja limekalia nafasi yote. Liko hapo kwenye korido, lifute.”

Kwenye korido kuna mzani, ule wa bamba ambao wauza vitunguu huutumia. Juu ya bamba kuna kitu kidogo cha rangi ya kijivu, ukubwa wa yai la kanga. Mshale umezunguka mara tatu na bado unasukuma. Mzee anachutama. Anaona kwamba kile kitu ni sentensi, imejiviringisha, na anaisoma neno kwa neno. Nimepima mizani ya mkoa huu mzima.

Alifanya kile alichokijua. Alifungua sanduku lake la mawe ya kupimia, ambalo lilikuwa mkononi mwake, akaupima mzani wenyewe. Kilo moja ilisoma kilo moja. Kilo tano ilisoma tano. Alirudia mara mbili.

“Mzani ni sahihi,” alisema.

“Tunajua. Sentensi ni ya nani?”

“Ni yangu.”

“Basi futa.”

Akaisugua kwa kitambaa. Akatia mate, akasugua tena. Akajaribu kwa ukucha. “Haifutiki,” akasema.

Mashine ilipekua fomu zake bila haraka. “Kweli. Aina hii haifutwi. Inahamishwa.”

“Inahamishiwa wapi?”

“Kwa mwenyewe. Saini hapa, na hapa.”

Mzee akasaini, akaitia sentensi kwenye mfuko wa ndani wa koti. Koti likavutika upande mmoja, na tangu hapo alitembea ameinama kushoto. Aliuliza kama kuna mfuko ambamo isingemwelemea sana. Mashine ilisema watu wengine huuliza hivyo.

Halafu korido ikawa ngazi. Ni ngazi za saruji, kama za ghorofa za mjini, na kila kidato kimeandikwa namba yake kwa chokaa. Anapanda. Thelathini, hamsini, themanini na moja. Kwenye kidato cha tisini na tisa amekaa mama mmoja mnene aliyejifunga kitenge, ana ndoo ya viazi katikati ya miguu, anamenya. Hakuna pa kupita.

“Hodi,” mzee anasema.

“Karibu, baba. Ndiyo wewe uliyekuwa unakwama hapa tangu asubuhi.”

“Wewe ni nani?”

“Tisini na Tisa.”

“Kwa nini unazuia watu?”

“Sizuii mtu. Nimekaa. Wenzako wananiruka, maana wanabonyeza Nakubali bila kusoma masharti.”

“Mimi husoma.”

“Najua,” mama alisema, akapangusa mkono kwenye kitenge, akampa karatasi.

Mzee alivaa miwani. Alitegemea kurasa arobaini za maandishi madogo, na kwa kweli angezifurahia. Kulikuwa na mstari mmoja tu: Mchezaji anakubali kwamba alikosea.

Aliusoma. Akageuza karatasi, nyuma hakuna kitu. Akausoma tena.

“Naomba iongezwe ‘kwa kiasi fulani,’” alisema.

“Hakuna kiasi.”

“Kijana naye alikuwa hana kazi. Mwaka mzima. Hilo halikuandikwa.”

“Halikuandikwa,” mama alikubali, akachukua kiazi kingine.

“Nilikuwa nataka awe mtu.”

“Alikuwa mtu, baba. Alikuwa amekaa kwenye mkeka.”

Mzee alisimama pale muda mrefu. Viazi vilipungua ndoo moja, vikaongezeka ndoo ya pili. Alifungua kinywa, na kilichotoka kwanza kilikuwa namba, gramu mia mbili, gramu mia nne, kilo moja na robo, kama alivyozoea kuwasomea makarani. Mama alimsubiri amalize. Koti lilizidi kumvuta upande wa kushoto, mpaka ikabidi ashike ukuta.

“Nilikosea,” akasema.

“Nani?”

“Mimi, Fortunatus. Nilimkosea Onesmo.”

Mama Tisini na Tisa hakumpongeza. Aliisogeza ndoo kwa mguu, ikabaki nafasi ya upana wa mtu mmoja. “Pita,” alisema. “Kumbe ni kidato kimoja tu.”

Juu ya ngazi kulikuwa na uwanja. Jua lilikuwa la mchana, nyasi zilikuwa kijani ya kupaka, na majukwaa yalikuwa matupu. Mpira ulikuwa katikati, bado unazunguka polepole. Mzee aliingia kwa haraka iwezekanavyo kwa mtu aliyeinama upande.

“Umechelewa,” sauti ilisema. “Mechi imekwisha.”

Lilikuwa benchi la wachezaji wa akiba, benchi la mbao lenye paa la plastiki, na lilizungumza kwa upole wa kitu kilichokaliwa miaka mingi.

“Onesmo yuko wapi?”

“Ametoka sasa hivi. Nyasi alizokanyaga hazijainuka bado. Tazama.”

Mzee anatazama. Ni kweli, nyasi zimelala kwa umbo la kiatu, na zinainuka moja moja mbele ya macho yake. Anataka kuweka mguu wake juu ya ile alama ili isipotee, anaona haya.

“Atarudi?”

“Mimi ni benchi. Nawajua waliokaa tu. Wewe kaa, nafasi yako ni hiyo ya mwisho.”

“Nafasi yangu?”

Mwisho wa benchi kulikuwa na jezi ya njano imekunjwa vizuri, mkunjo juu ya mkunjo. Aliifungua. Namba kumi na sita. Juu ya namba iliandikwa: KIHWELO BABA.

“Hii imewekwa na nani?”

“Na kocha, mwanao. Kila mechi anakupanga akiba. Kabla ya filimbi anatazama huku kidogo, halafu anaanza bila wewe.”

“Tangu lini?”

“Tangu ajiunge na mtandao kule Mtwara. Mechi ya kwanza kabisa.”

“Mara ngapi kwa jumla?”

“Kuhesabu si kazi yangu. Fomu iko pale kwenye meza ya mwamuzi.”

Mzee anakaa. Jezi ameiweka magotini, anaipapasa kama anatafuta vishikizo. Ni saizi yake. Onesmo angeijuaje saizi yake, anajiuliza, kisha anakumbuka ni nani aliyekuwa akianua nguo za nyumba nzima baada ya mama yao kufariki.

“Mbona hakuniambia?” anauliza.

“Alipiga simu,” benchi likasema.

Mzee akairudisha jezi kwenye benchi. Akainuka kuifuata fomu kwenye meza ya mwamuzi. Meza ilikuwa mbali kuliko ilivyoonekana, na kila alipopiga hatua, koti lilimgeuza kushoto, akajikuta anarudi alipotoka. Alipiga hatua nyingine. Akanyoosha mkono, akaamka.

Ilikuwa saa kumi na nusu. Jua la alasiri lilikuwa limefika kwenye miguu ya meza, na jirani alikuwa anaita kuku wake. Shingo ilimuuma kwa kulala vibaya. Runingani ufito wa buluu haukuwepo tena. Kulikuwa na maneno: Sasisho limekamilika. Karibu tena, Onesmo.

Chini yake gemu lilikuwa limefungua lenyewe ukurasa wa timu. Mzee alivaa miwani, akasogea mpaka pua ikakaribia kioo. Kulikuwa na majina kumi na moja ya wachezaji asiowajua, kisha mstari, kisha wachezaji wa akiba. Wa mwisho kabisa alikuwa namba kumi na sita, KIHWELO BABA. Mbele ya jina kulikuwa na takwimu mbili. Mechi alizopangwa: 311. Mechi alizocheza: 0.

Alizisoma mara mbili, kama alivyokuwa akisoma mizani. Pembeni kuliandikwa kwamba kocha ametoka dakika sita zilizopita.

Akampigia Sekunda.

“Shikamoo, baba. Imekubali?”

“Marahaba. Imekubali.” Akaitazama tena ile sifuri. “Sekunda, mchezaji wa akiba anaingiaje uwanjani?”

“Kocha ndiye anayemwingiza, baba. Mwenyewe hawezi kujiingiza.”

“Hata akiwa tayari?”

“Hata akiwa tayari. Anasubiri tu.” Sekunda akashusha sauti. “Baba, unalia?”

“Hapana,” mzee alisema. “Sekunda, Septemba ile mdogo wako alinipigia simu. Niliiacha ikaita.”

Alipokata simu, mzee alilivuta kochi karibu na runinga, akakaa upande wa mwisho, mikono magotini, akaiacha mashine ikiwaka.